Mtoto Aliyepewa Jina la Dhoruba

Kirumba,
Mwanza.
Jumapili, 16 Machi 2025.

Mpendwa mwanangu Okomo,

Pokea marahaba yangu, maana najua shikamoo umeshanipa moyoni kabla hujamaliza kufungua bahasha. Ulilelewa vizuri, na sehemu ya malezi hayo ni yangu. Hujambo? Ruta hajambo, amepata nguvu tangu alipojifungua? Na huyo mdogo, ananyonya vizuri, analala, amepunguza kulia? Ile theluji mliyotuonyesha imefika hadi madirishani, imekwisha au bado mnaishi ndani ya jokofu?

Sisi huku wazima kwa neema ya Mungu. Bibi yako yupo, ila goti linamsumbua tena tangu mvua za masika zilipoanza. Baba yako yuko Nyakato na zamu zake za kiwandani. Binti yangu Princess anasoma, na asiposoma yuko kwenye simu, na akiwa kwenye simu anasema anasoma. Mgahawa unakwenda. Siku za mechi sipati hata nafasi ya kukaa, na timu ikifungwa wateja wanatoka uwanjani na kuja kulaumu chumvi yangu.

Utashangaa kwa nini nimekuandikia karatasi wakati simu ipo. Simu imetugombanisha vya kutosha. Baba yako alikutumia sauti akiwa amefura, wewe ukajibu ukiwa umefura, na mke wako katikati anasikia kelele za lugha asiyoijua. Hasira hasara. Kwenye karatasi mtu anaweza kufuta neno kabla halijamfikia mwenzake, na mimi hapa nimeshafuta mengi. Adventina, binti wa jirani yetu Mwalimu Rugambwa, anaondoka wiki hii kwenda kusoma Poland, nchi jirani na huko kwenu. Ataibeba barua na kuitia posta akifika. Dagaa wako amekataa kuwabeba, anasema begi litanuka darasa zima. Nimemsamehe kwa sababu bado mtoto.

Sasa nisikilize, maana nataka uelewe kwa nini jina la binti yako lilituangusha namna ile. Ulitutumia jina kwa moyo mweupe, ukapokea ukimya, kisha ukapokea ukali wa baba yako. Ule ukimya ulikuwa na sababu yake, na wewe hukuwahi kuambiwa. Hatukukuficha kwa ubaya. Ni jambo ambalo hata sisi wenyewe hatulisemi.

Tuanze na ile simu ya video, Sabato ile tuliporudi kutoka kanisani. Unakumbuka mtoto alikuwa analia, mkambembeleza, asinyamaze. Ninyi mlidhani ni tumbo. Bibi yako alidhani vingine. Kwetu Wajaluo mtoto mchanga akilia bila homa wala njaa, husemwa anadai jina. Kuna mmoja katika waliotangulia anataka kuitwa tena. Mkubwa wa nyumba humtajia majina ya wafu, moja baada ya jingine, na mtoto akinyamaza kwenye jina fulani, basi ndilo lake. Wewe mwenyewe ulipatikana hivyo. Ulilia mpaka tukadhani utapasuka, alipotajwa mjomba wake bibi, marehemu Okomo, ukapiga mwayo.

Basi bibi akamnyang'anya Princess simu, akaisogeza mpaka pua inagusa kioo, akaanza. Alimtaja mama yake, kilio. Akamtaja mama mkwe wake, kilio kikazidi, na mimi nikasema moyoni kwamba mtoto ana akili, yule mama alikuwa mkali. Akapanga shangazi, wajomba, hadi mtu mmoja ambaye hakuna anayemjua. Mwisho akasema kwa sauti ya chini, "Otuoma." Hilo ni jina la babu yako, mume wake. Na hapo mtoto akanyamaza. Tulimwona kwenye kioo, mdomo wazi, ametulia, anamtazama bibi.

Bibi akaishusha simu mapajani na kulia. Akasema, "Mume wangu, umekwenda mbali hivyo?" Sijamwona akilia hivyo tangu nilipokuwa mdogo, na kilikuwa kilio cha furaha.

Mwanangu, bando lilikuwa limekwisha. Niliona mwenyewe picha ilivyoganda. Princess naye aliona, akafungua mdomo kusema, nikamfinya paja. Wewe kule unajua kwamba mtoto aliendelea kulia mpaka aliponyonya. Lakini niambie, nani angemweleza yule bibi habari za bando? Mimi siwezi, na wewe nakukataza. Mungu akitaka kuleta habari, hata mtandao mbovu anautumia.

Tangu siku ile binti yako akawa Atuoma, maana ni mwanamke, na kwetu O ya mwanamume kwa mwanamke huwa A. Bibi alilitangaza hilo jina kanisani, akaenda nalo hadi Mwaloni kwa akina mama wauza samaki aliofanya nao kazi zamani. Goti likapona ghafla. Ndipo ukatuma ujumbe kwamba mmeshamwandikisha, anaitwa Audra. Hatukuona tatizo. Mtoto kuwa na jina la kukeni na la kuumeni ni jambo la kawaida. Tukiwa tunakula, Princess akatafuta maana yake kwenye simu, akasoma kwa sauti mbele ya watu wote, "Ni Kilithuania. Maana yake dhoruba."

Bibi aliacha tonge kwenye sahani, akanawa, akaingia chumbani kwake.

Nadhani unakumbuka ulipokuwa unakaa kwetu, ukiwa darasa la kwanza au la pili, ulivyorudi na wimbo wa shule wenye neno hilo. Bibi alikuchapa kofi la mgongo, na hajawahi kukuchapa tena. Ulikuja kunilalamikia jikoni nami nikakupa kiazi badala ya jibu. Katika nyumba yetu neno hilo halitamkwi. Tunasema "upepo mbaya," au tunasema "ile hali." Taarifa ya hali ya hewa ikianza kwenye redio, mtu aliye karibu anapunguza sauti bila kuambiwa.

Babu yako alikuwa akifuata dagaa visiwani na kuwaleta nchi kavu kuuza. Wakati huo tulikuwa tunaishi kwetu Rorya, kijijini, nyumba ikitazama ziwa. Mimi nilikuwa bado msichana mdogo, baba yako ndiyo kwanza ameanza kuota ndevu. Siku hiyo walikuwa wanarudi wakiwa wameshauona mti wa nyumbani, ile hali ikawakuta, mtumbwi ukapinduka. Wenzake walishikilia madumu wakaokoka. Babu yako hakupata dumu. Baada ya msiba bibi akatuchukua tukaja Mwanza, na kwa miaka mingi alipanga vyumba ambavyo dirisha halitazami ziwa.

Kwa hiyo uone lilivyomfikia. Wiki moja amerudishiwa mumewe, wiki inayofuata anaambiwa mtoto huyo huyo anaitwa kwa jina la kilichomuua. Alimwita baba yako kutoka Nyakato, akamwambia maneno ambayo sitayasahau. "Hamwezi kumlaza mume wangu kitanda kimoja na aliyemuua." Kisha akasema kama jina halibadiliki, mtoto asiletwe hiyo Julai mliyopanga kuja. Baba yako unamjua, hajawahi kumkatalia mama yake kitu chochote. Akachukua simu hapo hapo, akaongea na wewe kama unafanya kazi chini yake kiwandani. Nilimkasirikia kwa ile sauti, lakini nikuambie ukweli, na mimi nilitaka jina libadilishwe.

Ukajibu kwamba halibadiliki. Nyumba ikapoa. Bibi akawa hataji jina lolote, si Audra wala Atuoma. Anasema tu "yule mtoto." Niliumia sana, Okomo. Bibi yako si wa kusubiri Julai nyingi, na mimi nilianza kufikiria siku ambayo mtakuja kwenye mazishi badala ya kuja kumsalimu.

Mama Luhaga, yule jirani yetu Msukuma aliyetoka Kisesa, alijaribu kusuluhisha. Alimwambia bibi kwamba huko kwao watu wanaitwa Shida, wanaitwa Tabu, na wanazeeka vizuri na ng'ombe wao. Bibi akamjibu kwamba hata sisi tuna Akoth, na Akoth ni mvua, na mvua anaikubali kwa sababu inaotesha. "Ile nyingine inaotesha nini?" Mama Luhaga akaomba chai.

Jibu lilitoka kwa mkeo. Ule ujumbe wake wa sauti, yeye anasema polepole na wewe unatafsiri nyuma yake kama mkalimani wa mkutano wa injili, tuliusikiliza sebuleni wote. Nilimlazimisha bibi akae. Ruta akaeleza kwamba Audra ni bibi yake aliyemlea, aliyefariki mwaka jana, miezi michache kabla mtoto hajazaliwa. Kwamba zamani jina hilo walikuwa nalo akina mama wengi wa rika lake, na sasa watoto wachanga hawapewi sana, ndiyo maana alitaka lisizikwe naye. Nikamtazama baba yako, naye akatazama sakafu. Kumbe na wao wanarithisha majina ya wafu wao. Tulikuwa tunagombana na watu wenye desturi kama yetu.

Halafu akaeleza habari za pwani yao. Kwamba kwenye hiyo Bahari ya Baltiki, ile hali ikipita, watu hawajifungii ndani. Wanatoka asubuhi na mapema, wamevaa mabuti marefu na makoti, wanakwenda ufukweni na nyavu za mkono kuokota kaharabu. Nilikuwa sijui kaharabu ni nini mpaka Mwalimu Rugambwa aliponieleza kwamba ni utomvu wa miti ya kale sana uliokauka ukawa kama jiwe, mwepesi, rangi ya asali. Ruta alisema bahari inaificha chini, na siku za utulivu haitoi hata punje. Ni mpaka maji yachafuke. Bibi yake alikuwa akimshika mkono wakiokota pamoja, na alizoea kusema bahari iliyotulia haina zawadi.

Tangu siku hiyo mimi nililipenda jina la mtoto. Nimelijaribu nikisonga ugali, Audra, Audra. Linajaa mdomoni, linatoka vizuri hata ukiita kutoka jikoni mpaka barabarani, na hakuna mwingine Kirumba nzima atakayeitika. Mama Luhaga anasema "Audla" na hatabadilika, msimchukie. Nikawaza pia kwamba mtoto wa kike anahitaji jina lenye nguvu kidogo. Dunia haiwahurumii wanaoitwa kwa majina laini, na wateja wangu wanalijua hilo.

Bibi aliomba tu sehemu ya kuokota irudiwe, tukairudia, akainuka akaenda zake.

Sasa nifikie jambo lililonifanya nishike kalamu. Ijumaa hii iliyopita tulikuwa jikoni, mimi na yeye, tunapika chakula cha Sabato kabla jua halijazama. Yeye anachambua mchele, mimi namenya ndizi. Akaanza kuongea bila kuniangalia. Aliniambia kitu ambacho sikuwa nakijua, mimi mtoto wake wa kuzaa.

Babu yako alipozama hakupatikana. Mimi wakati huo nilipelekwa kwa mama mdogo, nikarudi nikakuta kaburi, nikadhani wavuvi walimtoa siku ile ile. Haikuwa hivyo. Wanaume walimtafuta kwa mitumbwi, huku na huku, na ziwa lilikuwa shwari kabisa, linang'aa, kama halijafanya kosa. Bibi anasema huo utulivu ndio uliomtesa kuliko yote. Mwisho wazee wakakata shauri. Unajua kwetu mtu akipotea majini na mwili usionekane, huzikwa yago badala yake, lile tunda refu zito linaloning'inia kwenye mti wake kwa kikonyo. Linavikwa, linaliliwa, linafukiwa, watu wanatawanyika. Kaburi likachimbwa mbele ya nyumba. Yago likakatwa, likalazwa kwenye mkeka, na bibi akaambiwa akae pembeni yake kama anayekaa na mumewe.

Akakaa. Anasema alilitazama lile tunda akashindwa kulia, na ndugu wa mume wakaanza kunong'ona kwamba huyu mwanamke ana moyo mgumu. Jioni hiyo ile hali ikarudi tena. Iling'oa bati la jikoni, ikalaza migomba yote. Bibi alitoka uani akaitukana, akaiuliza imekuja kumchukua nani mwingine. Alfajiri akina mama waliokwenda kuchota maji wakarudi mbio. Babu yako alikuwa amelazwa mchangani, chini ya boma lake mwenyewe, kama mtu aliyeletwa nyumbani.

Bibi alimwosha kwa mikono yake. Wazee wakalitupa yago vichakani. Aliponieleza hapo, ndipo aliponiangalia kwa mara ya kwanza, akasema, "Adongo, mimi nilizika mume. Sikuzika tunda."

Nilishindwa kuendelea kumenya, mwanangu. Nililia mpaka kisu kikaniponyoka. Yeye hakulia. Alisema miaka yote hii ameichukia ile ya kwanza iliyomzamisha, mpaka ya pili iliyomrudisha akaisahau, na hakuwahi kuishukuru. Alisema huyo mzungu, bibi yake Ruta, aliijua ile ya pili. Kisha akaniuliza, na sauti yake ilikuwa ya mtu anayeogopa jibu, "Hebu muulize huyo binti. Mtoto amepewa jina la ile ya kwanza, au la ile ya pili?"

Sikusubiri kukuuliza. Nilimjibu pale pale, "La ya pili, mama." Akaitikia kwa kichwa, akarudisha macho kwenye mchele, akaniambia nifanye haraka jua linazama.

Kwa hiyo mkiulizwa, ni la ya pili. Mweleze Ruta vizuri asije akaniumbua. Na umwambie kwamba mimi shangazi yenu namshukuru, maana sisi tulikuwa tunamfundisha adabu za kwetu, kumbe yeye ndiye aliyetufungulia mdomo wa mama yetu.

Kuhusu baba yako, mpigie wewe kwanza. Najua yeye ndiye aliyekosa, lakini baba zetu hawa neno samahani linawakwama kooni kama mwiba wa sato. Yeye anaomba radhi kwa nyundo. Ametafuta mbao, anatengeneza kitanda cha mtoto, kila akitoka zamu anapiga randa. Juzi amekuja kuniuliza mtoto wa miezi sita ana urefu gani. Kitanda chenyewe kimekuwa kikubwa, hata wewe utaenea.

Julai mje, mgeni njoo mwenyeji apone. Bibi ameshapanga kwamba tutakwenda Rorya wote, mtoto akaonyeshwe kaburi na ziwa, na ameanza kuuliza kama Ruta anakula kichwa cha samaki au tumwekee mkia. Msibebe makoti. Leteni chandarua kizuri cha mtoto kama huko kipo, na kipande kidogo cha hiyo kaharabu, nikione kwa macho yangu.

Princess anakusalimu na anaomba radhi kwa kusoma mambo kwa sauti wakati wa chakula. Baba yako anakusalimu kwa kupitia mimi, alisema niandike tu "nawasalimu," nami naongeza kwamba alikaa hapo mlangoni muda mrefu kabla ya kulisema. Mama Luhaga na Mwalimu Rugambwa wanawasalimu. Mungu aliyewapa huyo mtoto awape na maziwa, usingizi na uvumilivu wa kumlea, na awafikishe kwetu salama.

Nilikuwa nataka kufunga bahasha, bibi yako akanishika mkono. Anasema salamu zake hajazitoa. Amejiweka sawa kwenye kiti, amefunga khanga vizuri kama yuko mbele ya watu, na ananisimamia niandike kila neno kama anavyolisema, kwa sauti ambayo hata mtaani wameisikia: "Audra Atuoma, mama yangu, karibu nyumbani."

Ni mimi ninayekupenda tangu nilipokubeba mgongoni,

Shangazi yako,
Adongo